Mpira Uliokataa Kuvusha Maji

Saumu, wewe na wenzako watatu wa kidato cha tatu mlinijia Jumamosi iliyopita na daftari mpya, mkanikuta napalilia maharage. Mkasema shikamoo babu kwa pamoja kama kwaya, na kabla sijamaliza kuitikia mkanipa mada ya mdahalo wenu: eti Kiswahili hakiwezi kubeba sayansi. Mkataka hoja nne za kuunga mkono na nne za kupinga, na mkaniomba nifanye haraka kwa sababu mna mechi ya netiboli. Niliwafukuza. Naomba radhi kwa lile jembe, sikukusudia kulinyanyua juu kiasi kile. Kwa kuwafukuza siombi radhi.

Nimefundisha fizikia miaka thelathini na mitatu katika milima hii, na swali hilo nimeulizwa na wakaguzi, na wazazi, na walimu wenzangu wakiwa na chai mkononi. Anayeuliza huwa hataki jibu, anataka kushinda. Mmoja atasema bila Kiingereza hakuna roketi. Mwingine atapiga meza kwamba tutumie lugha yetu, kisha anampeleka mwanawe shule ya Kiingereza Tanga mjini. Nimechoka nao wote. Hoja nane sina. Nina kisa kimoja, nacho hakinisifu, ndiyo maana hamjawahi kunisikia nikikisema kwenye mahafali.

Shule yenyewe sitaitaja. Ilikuwa juu, mwendo wa saa nzima kwa miguu kutoka Mlalo, na nilifika pale kijana mwembamba kutoka chuoni, suruali mbili na kamusi moja. Mimi ni Mshambaa wa hapa hapa. Mama yangu Kiswahili alikuwa anakitumia sokoni tu, akirudi nyumbani anakivua pamoja na viatu. Lakini pale shuleni nilijifanya mtu wa kuja. Mwanafunzi akinisalimia Kishambaa namtazama kama ananiongelesha Kichina.

Tulikuwa na kibao. Kipande cha mbao chenye kamba ya katani, kimeandikwa kwa Kiingereza kwamba anayekivaa ni mjinga. Ukisikika unasema Kiswahili darasani unakivaa shingoni mpaka umnase mwenzako. Kishambaa ndiyo usiseme. Nani alikuwa msimamizi wa kibao? Mimi. Nilikuwa nakihesabu kila jioni kwenye kabati kama bunduki ya serikali.

Basi siku moja nafundisha uzito wa hewa. Nilikuwa nimekariri vizuri sana. Hewa tunaiona kama si kitu, lakini ina uzito, na uzito huo unalalia kila kitu, pamoja na maji ya kijito. Ukichukua mpira wa maji, ukaujaza ukajaa kabisa, ukatumbukiza mdomo mmoja kijitoni na mdomo mwingine ukaushusha bondeni chini kuliko kijito, maji yatapanda mpirani, yavuke mgongo wa kilima na kushuka upande wa pili, bila pampu. Hewa inayolalia kijito ndiyo inayoyasukuma juu. Ila kuna kikomo. Kitabu kilisema kikomo ni mita kumi hivi. Nikaandika kumi ubaoni, nikaizungushia duara.

Msichana mmoja nyuma akanyoosha mkono. Zaina. Alikuwa mtoto wa mkulima wa mboga upande wa bonde letu, mrefu, mtulivu, hesabu anaziweza na insha zinamshinda. Akaanza kwa Kiingereza, maneno manne matano, sentensi ikamfia mdomoni. Kisha akaamua liwalo na liwe.

"Mwalimu, samahani. Baba alikuwa analima mpunga Mombo. Kati ya kijito na shamba kulikuwa na mgongo wa mwamba. Akapitisha mpira juu yake, mazi yakapita."

Darasa likacheka. Alitaka kusema maji, Kishambaa kikamponyoka. Hakujali, akaendelea.

"Mwaka huu ameurudisha mpira nyumbani. Na kwetu kuna mgongo, kijito kiko upande huu, bustani iko upande ule, chini. Tumeupima kwa mwanzi na chupa ya maji ya kusawazishia, kama alivyopima kule. Mombo ilikuwa mianzi minne na nusu. Hapa minne na nusu. Mpira ule ule, mwanzi ule ule, na anayeujaza ni baba yule yule. Kule yalipita, huku yanakatika pale juu. Kwa nini?"

Wanangu, nataka mtulie hapa. Mtoto wa miaka kumi na sita amesimama mbele yangu na jaribio ambalo watu wanalisomea vyuo vikuu. Amebakiza kila kitu vile vile, kimebadilika kitu kimoja tu, mahali, na anauliza kwa nini. Na mimi nilimwelewa kila neno, pamoja na lile la Kishambaa.

Jibu sikuwa nalo. Mgongo wa mianzi minne na nusu, mwanzi wao ukiwa mita mbili, ni mita tisa. Tisa ni ndogo kuliko kumi. Maji yalipaswa kupita. Wanafunzi arobaini walikuwa wananitazama.

"Mpira wenu una tundu," nikasema. "Kaa chini."

"Hauna, mwalimu. Tuliujaza ukakaa siku nzima haujapungua."

"Una tundu dogo lisiloonekana! Na umezungumza lugha isiyoruhusiwa. Njoo uchukue kibao."

Akaja, akakivaa. Hakulia. Mimi nikafuta ubao kwa kishindo, nikaendelea na mfano wa kitabuni.

Kumbukeni, hata mimi nilimjibu kwa Kiswahili. Kibao hakikunihusu.

Dirishani kulikuwa na Mama Vero, mtunza maabara wetu, anaosha chupa. Mama mnene mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, alizaliwa Tanga, shule aliishia darasa la saba. Alikuwa ameosha chupa za walimu wa sayansi kumi na wawili kabla yangu. Nilipotoka akaniuliza kwa upole kabisa, "Mwalimu, lile tundu umeliona wapi?"

Nikamwambia aoshe chupa zake.

Baada ya wiki mbili Zaina hakuonekana. Nikadhani anaumwa. Wiki ya nne nikamwuliza jirani yake wa dawati, akasema, "Anachota maji, mwalimu." Anachota maji gani? "Ya bustani. Baba yake amemtoa shule mpaka mvua."

Jumamosi ile nikaenda kwao. Nilijiambia naenda kumkemea mzazi. Wakati ule nilikuwa na hotuba tayari juu ya elimu ya mtoto wa kike, nzuri, yenye aya tatu. Nilipofika juu ya mgongo wao nikamwona Zaina anapanda kutoka kijitoni na ndoo kichwani, mdogo wake nyuma na dumu. Wanapanda upande huu, wanashuka upande ule, wanamwagia miche ya kabichi kwa kopo, wanarudi. Nusu ya bustani ilishakauka, majani yamekuwa kama karatasi.

Baba yake, Mzee Athumani, alinipokea vizuri mno. "Onga mshi," akanisalimia, na siku ile nilijibu Kishambaa bila kufikiri. Akanitolea kigoda. Akamwita mkewe alete uji. Kisha akanipeleka nyuma ya nyumba kunionyesha kitu.

Ule mpira mweusi, mgumu, mzuri, alioutunza miaka mingi, alikuwa ameukata vipande. Vipande kumi na vinne vimepangwa ukutani kama miwa.

"Mwalimu, binti ameniambia umesema una tundu dogo lisiloonekana," akasema. "Nimeupuliza mzima ndani ya maji, sikuona povu. Nikasema labda urefu wake unanichanganya. Nikaukata, nikapuliza kipande kimoja kimoja. Mpaka leo sijalipata. Hebu nisaidie wewe, macho yangu yamechoka."

Aya zangu tatu ziliniishia pale pale. Nikakishika kipande kimoja, nikachungulia ndani kama mtu anayejua anachotafuta. Nikasema nitaliangalia jambo hilo. Uji nilikunywa. Nikaondoka bila kumwambia kitu, na njiani nilijitukana kwa lugha zote tatu.

Jumatatu nilikwenda maabara. Nikamwambia Mama Vero yote, mpaka vile vipande. Hakunisuta. Akakausha mikono, akakaa kwenye stuli.

"Haya," akasema. "Nieleze huo mpira unavyofanya kazi. Lakini lile neno lenu la presha usilitumie."

Nilidhani ni utani. Nikaanza, sentensi ya pili nikasema presha. Akanizuia. Nikaanza upya, nikasema kwa Kiingereza jina la kanuni. Akanizuia. "Hilo ni jina. Mimi nauliza nani anasukuma nini." Nikatumia neno la kamusi ya Kiswahili, kanieneo, nikidhani nimemshinda. Akacheka mpaka miwani ikaanguka. "Sasa umejificha nyumba ya jirani."

Hapo ndipo wale wapiga meza wa Kiswahili wanaponikera sawa na wale wa Kiingereza. Wanafikiri tukishapata neno tumemaliza kazi. Kanieneo ni neno zuri, silichukii. Lakini mtu anaweza kulala ndani yake miaka thelathini bila kuelewa chochote, kama mimi nilivyolala ndani ya lile la Kiingereza.

Ilinichukua kipindi kizima na mapumziko ya chai. Mwishowe nikasema hivi: hewa iliyoko juu ya kijito ni nzito, imelalia maji, na maji yakipata mahali pasipo na hewa, yaani ndani ya mpira, yanakimbilia huko. Yatapanda mpaka uzito wake ulingane na uzito wa hewa. Yakifika hapo, basi, hayaendi tena.

"Vizuri," akasema Mama Vero. "Na hewa ya Mombo na hewa ya huku zina uzito mmoja?"

Akafungua kabati la chini, akatoa kitu kimefungwa kwa kipande cha kanga. Ilikuwa barometa, ile ya duara kama saa ya ukutani, yenye mshale unaoonyesha uzito wa hewa.

"Kila mwalimu mpya anaiandika mbovu kwenye daftari la vifaa, kwa sababu kitabu kinasema isome sabini na sita nayo inasoma sitini na mbili," akasema. "Wewe pia umeiandika. Mimi nimekataa kuitupa. Kitu kibovu hubadilika badilika. Hiki kinasema jambo moja kila siku."

Kesho yake niliomba ruhusa, nikapanda lori la kabichi linaloshuka Mombo. Nilikaa mbele na dereva, barometa mapajani. Tulipopita Soni mshale ulikuwa umeshapanda. Kila kona tunayoshuka, nao unapanda kidogo. Nikapiga kelele.

"Mwalimu, hiyo saa inasema saa ngapi?" dereva akauliza.

"Inasema tunashuka!"

"Hilo nalijua bila saa," akasema, akabadilisha gia.

Mombo ilisoma sabini na mbili. Nikaomba kalamu kwa muuza machungwa, nikapiga hesabu juu ya kipande cha boksi, sabini na sita za kitabuni zikiwa ndizo zile mita kumi. Hewa ya Mombo ina nguvu ya kuyainua maji karibu mita tisa na nusu. Hewa ya kwa Mzee Athumani inafika nane na kidogo. Mgongo wake ni tisa. Hapakuwa na tundu. Palikuwa na mlima.

Mnataka kujua kama jibu lilikuwepo kitabuni? Lilikuwepo! Pale pale kwenye ile mita kumi, kiliandika kwamba ni kwa mtu aliye usawa wa bahari. Nilikuwa nimeisoma sentensi hiyo kwa Kiingereza mara mia, naitamka vizuri, naiandika ubaoni, na hata siku moja sikujiuliza mimi mwenyewe nimesimama usawa gani. Zaina hakuweza kuisoma sentensi ile vizuri, lakini alijiuliza. Sasa niambieni, kati yetu wawili, nani alikuwa anasoma fizikia?

Kwenda kwa Mzee Athumani mara ya pili kulikuwa kugumu kuliko mara ya kwanza. Alikuwa anafunga matenga. Nilikataa kigoda.

"Mzee, nimekuja kwa lile tundu."

"Umelipata?"

"Halikuwepo."

Akaacha kufunga. Zaina alikuwa mlangoni, ndoo mkononi.

"Halikuwepo," akarudia. "Na siku ile ulipomwambia binti, ulijua halipo?"

"Nilijua kwamba sijui. Niliona aibu kusema mbele ya wanafunzi."

Nilikuwa tayari kwa matusi, hata kwa fimbo, maana fito za matenga zilikuwa mikononi mwake. Akaniuliza, "Sasa unajua?" Nikamweleza, kwa Kishambaa, bila presha na bila kanieneo. Nilimwonyesha mshale. Nilimwambia mgongo unatakiwa ushushwe mwanzi mmoja, ibaki mianzi mitatu na nusu, kwa kukata mtaro juu pale mpira ulale ndani. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema:

"Jembe liko pale. Sururu Zaina atakupa."

Nikachimba. Wikendi tatu. Udongo wa juu ulikuwa laini, chini kukawa na mwamba uliooza, na viganja vyangu vya chaki vikachubuka vikatoa damu. Hakuna aliyenipa pole, na sikuitafuta.

Kisha kuunga vipande kumi na vinne. Sikilizeni, maana hili litawafaa kuliko mdahalo. Mpira wa namna hii ukiwa na tundu pale juu, hauvuji maji nje, unanyonya hewa ndani, kwa hiyo huwezi kuliona likivuja. Unapasha ncha ya mpira kwenye makaa mpaka ilainike, unaisukumia juu ya kipande cha bomba la chuma, inapoa na kukaza, kisha unaifunga kwa utepe wa tyubu ya baiskeli, unauvuta kwa nguvu zako zote. Ukimaliza, ziba chini, jaza maji kutoka juu, acha usiku mzima, asubuhi pitisha kiganja kikavu kila kiungo. Mara ya kwanza tulifungua yakapita kidogo, yakakatika. Kiungo cha tisa kilikuwa kimelegea. Nilikifunga mimi. Zaina akakifungua, akakifunga upya.

Mara ya pili Mzee Athumani alikaa kijitoni, mimi juu, Zaina chini bustanini ameshika kizibo cha mti. Nikapiga mluzi. Baba akafungua kwake, binti akafungua kwake. Kwanza kimya. Halafu mpira chini ya miguu yangu ukatetemeka, nikasikia Zaina anapiga kelele, "Mazi! Mazi! Mazi!" na safari hii hakuna aliyecheka isipokuwa yeye mwenyewe.

Kibao nilikichoma jikoni kwa mpishi wa shule. Mkuu wa shule alikasirika, akaagiza kitengenezwe kingine. Kilitengenezwa. Nami nilikataa kukisimamia, wakampa mwenzangu. Msidhani mtu mmoja akitubu na mambo yanabadilika.

Zaina alirudi shule, amekosa karibu muhula mzima. Kwenye mtihani wa mwisho wa kidato cha nne alifaulu hesabu, mengine akaanguka. Aliniambia baadaye kwamba kwenye fizikia kulikuwa na swali la uzito wa hewa, akajaza ukurasa mzima, lakini kwa Kiswahili, kwa sababu Kiingereza kilimgomea na jambo lenyewe alikuwa nalo kichwani lote. Ukurasa huo nani aliusoma, sijui. Nimeufikiria mara nyingi kuliko vitabu vyote nilivyofundishia.

Na sasa sehemu inayonikera zaidi, maana ni yangu tena na ni ya uzeeni.

Baada ya shule Zaina alijiunga na mafundi waliokuwa wanapitisha mabomba vijijini. Akaanza kwa kuchanganya saruji, akaishia kuwa ndiye anayeambiwa aseme bomba lipite wapi. Leo ni mama wa watu wazima, na ukifungua koki katika vijiji vingi vya huku, ni mkono wake. Miaka miwili iliyopita nilialikwa mgeni rasmi kwenye mahafali, naye alikuwepo kama mzazi. Nikapata kipaza sauti, na mtu mzee akipata kipaza sauti mnajua. Nikamwinua mbele ya watu. Nikasema, mnamwona mama huyu? Alikuwa na kichwa cha profesa. Lugha ilimzuia. Angefika mbali. Kipaji kimepotea. Watu wakasikitika, wakapiga makofi ya huruma.

Alinifuata nje kwenye pilau. "Shikamoo mwalimu."

"Marahaba, mwanangu."

"Mbali ni wapi?"

Nikamwuliza, mbali gani?

"Umesema ningefika mbali. Nakuuliza, ni wapi? Nimepotelea wapi mimi? Wanangu walikuwa wamekaa pale, wamesikia mama yao ni mtu aliyepotea."

"Zaina, nilikuwa nakusifu."

"Ulikuwa unanizika." Akaweka sahani chini. "Na usigeuke sasa useme ilikuwa heri, maana utasema hivyo ukipanda mimbari nyingine. Haikuwa heri. Nilitaka kusoma. Mpaka leo nikimwona binti na begi la chuo moyo unanichoma. Na kazi yangu naijua na naipenda. Yote mawili ni kweli, mwalimu. Kwa nini nyie mnataka moja tu?"

Nilikula pilau yangu ikiwa baridi.

Kwa hiyo mnapokuja na hoja nne na nne, mjue kwa nini nimenyanyua jembe. Mnazungumza habari za vipaji vya watu kama mnahesabu gunia lililojaa na gunia tupu. Mzee Athumani hakusoma, na alipima mgongo wa kilima kwa mwanzi na chupa, akapata namba ambayo mimi na shahada yangu hatukuithamini. Angejua Kiingereza angejua zaidi? Ndiyo, kwa sababu vitabu vingi viko huko, na anayewaambia msikisome anawadanganya. Nataka mkisome mpaka kiwatii. Lakini mtu akisimama mbele yenu na swali, kwa lugha yoyote, hata kwa lugha iliyovunjika vipande kumi na vinne, lisikilizeni swali. Na kama jibu hamna, semeni hamna. Ni neno fupi. Lilinigharimu shule ya mtoto wa watu kujifunza kulitamka.

Mwezi uliopita Zaina alinipigia simu. Tangu mahafali yale tulikuwa tunasalimiana kwa mbali. Akasema ana chanzo cha maji juu ya kijiji cha Kwai kinachomsumbua. Kila siku alasiri maji yanapungua, asubuhi yamerudi. Hakuna anayeyachota juu yake, mvua haijanyesha, bomba ni zima. "Kwa nini, mwalimu?"

"Sijui," nikasema.

Nikasikia anaita mtu pembeni.

"Haya," akasema. "Bodaboda anakuja kukuchukua."

Nimefika huko mara tatu sasa, na magoti haya. Tumechomeka kijiti kilichotiwa alama za rangi ndani ya chanzo, tunakisoma kila nusu saa. Jana kuanzia saa sita mchana kilianza kuonyesha maji yanashuka, taratibu, upana wa kidole, kisha vidole viwili. Jua lilikuwa kali. Juu yetu kuna msitu wa mikaratusi, mirefu, imesimama bila kutikisika.

Zaina akainyooshea kidole. "Ni ile," akasema. "Inakunywa mchana, jua likizama inapumzika."

"Huenda," nikasema.

"Huenda si jibu, mwalimu."

"Najua si jibu."

Akaangalia saa yake, akavua viatu, akapandisha kanga, akaingia majini kusoma kijiti. Akanitajia namba, nikaiandika.